Würzburg kwa miguu: mwongozo wa ziara kwa msafiri anayetoka Mwanza

Barabara inayopanda kwenda Hospitali ya Bugando inaitwa Wurzburg, na wengi wanaoipita kila siku kwa daladala au bodaboda hawajui kwamba hilo ni jina la mji. Würzburg uko Ujerumani, kwenye kingo za Mto Main katika jimbo la Bavaria. Una wakazi wapatao 130,000, na umekuwa mji rafiki wa Mwanza tangu 1966. Kwa sababu ya urafiki huo, watu wa Mwanza huenda huko kwa mwaliko wa parokia, kwaya, shule au hospitali, na mara nyingi jambo la kwanza wanaloandaliwa na wenyeji wao ni kuzungushwa mjini kwa miguu na mtu anayeujua mji.

Ziara ya namna hiyo huchukua saa moja na nusu hadi mbili. Ni muda mdogo kwa mji ambao tayari ulitajwa kwenye maandishi mwaka 704. Asiyejiandaa hurudi nyumbani na picha nyingi asizoweza kumweleza mtu. Hapa tunaeleza namna ya kujiandaa ukiwa bado Mwanza, namna ya kuagiza ziara, pa kusimama na cha kutazama, na mambo yanayoharibu ziara za wageni wengi.

Swali moja la kubeba

Usiku wa tarehe 16 Machi 1945 ndege za kivita za Uingereza zilimwaga mabomu ya moto juu ya Würzburg kwa takriban dakika 20. Karibu asilimia 90 ya mji wa kale iliteketea, na watu kati ya 4,000 na 5,000 hivi walikufa. Vita vya Ulaya vilimalizika chini ya miezi miwili baadaye. Mji unaouona leo ulijengwa upya kutoka kwenye kifusi, sehemu kubwa katika miaka ya 1950 na 1960.

Maana yake ni kwamba karibu kila jengo la hapo lina umri wa aina mbili: umri wa umbo lake na umri wa mawe na lipu yake. Kanisa linaweza kuwa na umbo la karne ya 11 na dari lililowekwa miaka ya 1960. Mgeni asipolijua hilo atavisifu vitu vya juzi kama vya kale, na atapita kando ya kitu cha kale kweli bila kukiona. Kwa hiyo, kila mnaposimama, muulize anayewaongoza: kipi hapa kilikuwepo kabla ya 1945? Kwa Kijerumani unaweza kusema kwa ufupi: "Ist das original oder wiederaufgebaut?" Yaani, hiki ni cha asili au kimejengwa upya? Waongoza watalii wa Würzburg hulipenda swali hili, kwa sababu linagusa jambo ambalo wenyeji wenyewe hulikumbuka kila mwaka. Tarehe 16 Machi, kuanzia saa tatu na dakika ishirini usiku, kengele za makanisa yote hupigwa kwa dakika 20, muda uleule mabomu yalipokuwa yakianguka.

Kabla ya kuondoka Mwanza

Viza ya Schengen, ya kuingia Ujerumani na nchi nyingine nyingi za Ulaya, huombwa kupitia ubalozi wa Ujerumani, Dar es Salaam. Ombi hupokelewa kuanzia miezi sita kabla ya safari, na lisipungue siku 15 kabla. Bima ya afya ya safari lazima ifidie angalau euro 30,000. Zaidi ya hapo fuata maelekezo ya mwenyeji aliyekualika, maana barua yake ya mwaliko ndiyo inayobeba sehemu kubwa ya ombi.

Chagua majira ukijua jua linavyokwenda. Mwanza jua huzama karibu saa moja jioni mwaka mzima, na hatuna mazoea ya kuliwazia. Würzburg jua la Juni huzama karibu saa tatu na nusu usiku, na la mwishoni mwa Desemba huzama karibu saa kumi na dakika ishirini alasiri. Ziara iliyopangwa saa kumi alasiri mwezi Desemba itamalizikia gizani na baridini, na michongo ya kwenye kuta hamtaiona. Mei, Juni na Septemba ndiyo miezi mizuri kuliko yote. Julai ni nzuri pia, hasa tarehe 8, sikukuu ya Mtakatifu Kilian, msimamizi wa mji.

Mavazi ya kutembelea ni jambo la viatu kwanza. Mitaa ya mji wa kale imetandikwa mawe yaliyopangwa, yenye mianya katikati, na mvua ikinyesha huteleza. Kiatu cha kisigino huingia kwenye mwanya, na kiatu cha ngozi chenye soli laini huteleza. Vaa raba au kiatu cha soli ya mpira yenye meno, na usivae kipya. Kinunue wiki tatu kabla, kivae kupanda Bugando au kuzunguka Capri Point mara mbili tatu kwa wiki hadi kilainike. Malengelenge ya siku ya kwanza hukaa nawe safari nzima. Hata mwezi Mei beba sweta na koti jepesi la mvua, maana asubuhi inaweza kuwa nyuzi 8 na mchana nyuzi 22. Ni afadhali nguo nyepesi tatu juu ya nyingine kuliko koti moja zito, kwa kuwa ndani ya majengo kuna joto na utalazimika kulibeba mkononi.

Sasa saa. Ujerumani iko nyuma yetu kwa saa moja kuanzia Jumapili ya mwisho ya Machi hadi Jumapili ya mwisho ya Oktoba, na kwa saa mbili miezi iliyobaki. Hilo simu itajirekebisha yenyewe. Kinachoangusha watu ni namna ya kutaja saa. Wao huandika 14:30, yaani saa nane na nusu mchana, na kwa mdomo husema "halb drei", neno kwa neno "nusu ya tatu", wakimaanisha kwamba saa ya tatu baada ya adhuhuri imefika nusu yake. Mgeni husikia "drei", akahesabu tatu na nusu, akafika 15:30 na kukuta kundi limeondoka saa nzima iliyopita. Omba kila saa uandikiwe kwa tarakimu.

Kuagiza ziara

Ofisi ya habari za utalii iko Marktplatz, uwanja wa soko, ndani ya Falkenhaus, nyumba ya manjano yenye mapambo meupe ya lipu ukutani. Kuna njia mbili. Ya kwanza ni ziara ya wazi: kila mtu hununua nafasi yake na kujiunga na wageni wengine. Nyingi huwa kwa Kijerumani, za Kiingereza ni chache na hutegemea majira. Njia ya pili ni ziara ya kundi lenu peke yenu. Hii hulipiwa kwa kundi, si kwa kichwa, hivyo watu 15 wakichanga kila mmoja hutoa kidogo, na mwendo unakuwa wenu.

Kwa kwaya au ujumbe wa parokia tunashauri hii ya pili bila kusita. Andika barua pepe kwa Kiingereza wiki sita kabla, na utaje mambo haya yote ndani ya barua moja: tarehe na saa, idadi ya watu, umri wa walio wazee na walio watoto, nani hawezi kupanda ngazi, lugha mnayotaka, na kwamba mtakuwa na mkalimani wa Kiswahili. Hilo la mkalimani lisisahaulike, kwa sababu linabadilisha urefu wa ziara. Maelezo yanayotafsiriwa huchukua karibu mara mbili ya muda. Kwa hiyo agiza saa mbili, lakini omba njia ya saa moja tu.

Mkishapita watu 25 gawanyikeni makundi mawili. Zaidi ya hapo walio nyuma hawasikii, wanaanza mazungumzo yao, na walio katikati nao wanaacha kusikia.

Usipange ziara siku mnayotua. Kutoka uwanja wa ndege wa Frankfurt hadi Würzburg ni kama saa moja na nusu kwa treni ya moja kwa moja, jambo linalowashawishi wengi kupanga ziara mchana uleule. Baada ya usiku wa kukaa kwenye kiti cha ndege, miguu imevimba na akili haishiki kitu. Ziara ya asubuhi ya siku ya pili, saa nne hivi, ndiyo inayokaa kichwani.

Kumbukeni pia kwamba Residenz, jumba kubwa la maaskofu watawala, lina tiketi yake na waongozaji wake. Ziara ya mitaani huishia nje ya jumba hilo. Anayetaka kuingia apange muda mwingine, angalau saa moja na nusu.

Njia na vituo

Njia ya kawaida huanzia Residenz, ikashuka Hofstraße hadi Kanisa Kuu, ikafuata Domstraße hadi ukumbi wa mji na daraja la kale, kisha ikarudi sokoni. Haizidi kilomita mbili, na karibu yote ni tambarare.

Residenz ndiyo tunayotaka uitazame kwa utulivu zaidi. Ilianza kujengwa 1720 chini ya Johann Philipp Franz von Schönborn, askofu ambaye pia alikuwa mtawala wa nchi: alikusanya kodi, aliweka jeshi, alihukumu. Fundi mkuu alikuwa Balthasar Neumann, afisa wa mizinga aliyegeuka msanifu majengo. UNESCO ililiweka jumba hili kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 1981.

Ndani, juu ya ngazi kuu, kuna dari la tao lisilo na nguzo hata moja katikati, na juu yake mchoro wa Giovanni Battista Tiepolo kutoka Venice, uliopakwa 1752 na 1753 kwenye lipu mbichi. Ukubwa wake unazidi mita za mraba 600. Lipu mbichi haimsubiri mchoraji: hupakwa kipande kinachoweza kumalizwa siku hiyo, rangi ikazama ndani na kukauka pamoja nayo. Ndiyo maana rangi hizo hazijabanduka hadi leo.

Panda polepole. Mchoro ulipangwa kwa ajili ya mtu anayetembea. Ukiwa ngazi za chini unaliona bara la Amerika mbele yako, limechorwa kama mwanamke aliyepanda mamba. Pembeni zinajitokeza Asia juu ya tembo na Afrika juu ya ngamia. Ukifika kwenye bapa la katikati ngazi zinageuka, nawe ukigeuka nazo unakutana na Ulaya, imekaa kwenye kiti cha enzi, na juu yake picha ya askofu aliyetawala wakati wa Tiepolo ikipelekwa mawinguni. Simama hapo. Chini ya Ulaya yupo mtu aliyevaa sare ameegemea mzinga: huyo ndiye Neumann, fundi wa jumba, amechorwa chini ya dari lake mwenyewe.

Kisha rudi kwenye Afrika. Tiepolo hakuwahi kufika bara hili. Alichora alichokisikia na alichokiona kwenye michoro ya wengine: ngamia, wafanyabiashara, mizigo, mwanamke mweusi aliyejaa vito. Msafiri kutoka ufuo wa Ziwa Viktoria ana haki kamili ya kuuliza picha hii ilitaka kumwambia nini mgeni wa askofu mwaka 1753, na kwa nini Ulaya peke yake ndiyo inayokalia kiti wakati wengine wamepanda wanyama. Uliza kwa upole na uulize wazi. Mwongozaji mzuri atakujibu kwa kina, na jibu hilo huenda likawa sehemu bora ya siku yako.

Hapa pia ndipo swali letu la umri linapojibika vizuri kuliko popote. Mwaka 1945 moto uliteketeza paa la mbao juu ya ngazi, lakini tao la mawe la Neumann lilibaki limesimama na mchoro chini yake. Hatari iliyofuata ikawa mvua, kwa sababu maji yakipenya lipu hulegea na kuanguka na rangi zake. Afisa wa Kimarekani aliyeitwa John Davis Skilton, aliyekuwa na kazi ya kulinda kazi za sanaa, alihangaika kutafuta mbao na kuezeka paa la muda. Kwa hiyo mchoro ni wa asili. Lakini chumba cha vioo, kilicho vyumba kadhaa mbele, kiliharibika kabisa, na unachokiona leo kilitengenezwa upya na kukamilika 1987. Ukivipita vyumba hivyo viwili bila kujua, vyote vitakuwa ni dhahabu tu.

Kanisa Kuu la Mtakatifu Kilian lilianza kujengwa 1040, na lina urefu wa mita 105. Ingieni kimya, wanaume wavue kofia, na misa ikiendelea msitembeetembee. Simama katikati ya kanisa uangalie dari: ni bapa na halina pambo. Geuka mbele, kwenye altare, uone mapambo ya lipu nyeupe yaliyojaa malaika na majani. Tofauti hiyo ina sababu. Moto wa 1945 uliunguza kanisa, na Februari 1946 kuta za katikati zilizodhoofika zikaporomoka. Sehemu ya mbele ilibaki na mapambo yake. Ya katikati ikajengwa upya bila kuyaigiza. Kanisa lilifunguliwa tena 1967.

Hatua chache kutoka hapo ni Neumünster, kanisa lililojengwa mahali ambapo inaaminika Kilian, mmisionari kutoka Ireland, aliuawa mwaka 689 hivi pamoja na wenzake Kolonat na Totnan. Nyuma yake kuna bustani ndogo iliyojificha, Lusamgärtchen, penye kumbukumbu ya kaburi la mshairi Walther von der Vogelweide wa karne ya 13. Watu bado humwekea maua. Makundi mengi huipita bustani hii, omba mpelekwe.

Domstraße ni mtaa wa watembea kwa miguu, lakini tramu hupita katikati yake. Haina kelele kama treni yetu ya reli ya kati, na dereva hawezi kukukwepa. Hapa ndipo makundi husimama kupiga picha ya pamoja yakiwa juu ya reli. Msifanye hivyo.

Mwisho wa mtaa upo ukumbi wa mji, na sehemu yake ya kale yenye mnara huitwa Grafeneckart. Kuna mambo mawili hapa. Nje, ukutani, zipo alama za mafuriko ya Mto Main, na ya mwaka 1342 iko juu ya kichwa cha mtu mrefu. Kwa aliyeona maji ya ziwa yalivyopanda 2020 na kuingia kwenye nyumba za ufukweni, alama hizo hazihitaji maelezo mengi. Ndani kuna chumba kidogo cha kumbukumbu chenye modeli ya mji kama ulivyokuwa baada ya 16 Machi 1945: kuta bila mapaa, mtaa baada ya mtaa. Kuingia ni bure. Kama mngeweza kuchagua kituo kimoja cha kuanzia ziara nzima, tungesema hiki, kwa sababu ukishaiona modeli hiyo kila jengo utalisoma tofauti.

Daraja la kale, Alte Mainbrücke, lilianza kujengwa 1473. Juu yake kuna sanamu 12 kubwa, nyingi za watakatifu. Jioni wenyeji husimama hapa na glasi ya mvinyo mweupe, maana vilima vinavyouzunguka mji vimejaa mizabibu. Ukinunua kinywaji utalipa na amana ya glasi, na ukiirudisha utarudishiwa fedha yako. Asiyekunywa aombe "Traubensaft", juisi ya zabibu.

Ziara humalizikia Marktplatz, kwenye kanisa la Marienkapelle. Mlangoni kuna sanamu za Adamu na Hawa, zilizochongwa na Tilman Riemenschneider katika miaka ya 1490. Hizo za nje ni nakala, za asili zinahifadhiwa na jumba la makumbusho lililoko kwenye Ngome ya Marienberg, ng'ambo ya mto. Zunguka hadi mlango wa kaskazini. Juu yake utaona Malaika akimpasha Maria habari, na kutoka kinywani mwa Mungu bomba refu linashuka hadi sikioni mwa Maria, na kitoto kidogo kinateleza juu yake: Neno akiingia kwa njia ya kusikia. Kundi la kwaya hufurahia sana sanamu hii.

Kuna jambo zito pia hapa. Kanisa hili lilijengwa mahali palipokuwa na sinagogi, baada ya Wayahudi wa mji kuuawa na mtaa wao kuharibiwa mwaka 1349. Na mkitembea mitaani mtaona vijiwe vya shaba, sentimita 10 kwa 10, vimepandwa njiani mbele ya nyumba. Kila kimoja kina jina la mtu aliyekuwa akiishi hapo hadi Wanazi walipomchukua. Inama usome hata kimoja. Mbele ya stesheni kuu ya treni nako kuna mabegi na masanduku yaliyotengenezwa kwa mawe na chuma. Si mizigo iliyosahaulika, ni kumbukumbu ya Wayahudi wa eneo hilo waliosafirishwa kwenda kuuawa.

Kazi ya mkalimani

Mchagueni mmoja, na mwenzake wa kumpokea baada ya nusu saa, kwa sababu kichwa huchoka kabla ya miguu. Asiwe kiongozi wa msafara. Huyo ana kazi ya kuhesabu watu. Asimame ubavuni mwa mwongozaji akiwatazama wenzake, asisimame nyuma ya kundi. Kabla ya kuanza akubaliane na mwongozaji: sentensi tatu au nne, halafu kunyamaza. Wasipokubaliana mapema, mwongozaji atasema dakika tano mfululizo na mkalimani atatafsiri nusu dakika.

Yapo maneno ya kuyafikiria ukiwa bado nyumbani. Fürstbischof ukimwita "askofu" tu watu hawataelewa kwa nini alikuwa na mizinga. Sema askofu mtawala. Barock ni mtindo wa karne ya 17 na 18 wenye mapambo mengi na mistari inayopinda. Ueleze mara moja mwanzoni, kisha ulitumie jina lenyewe.

Mwongozaji huitwa Frau au Herr na jina lake la ukoo. Sisi tumezoea kumwita mtu mama, mwalimu au kaka kwa heshima. Kwa Kijerumani hayo hayabebi heshima ileile, na jina la kwanza hutumika mwenyewe akikuruhusu. Salamu ya eneo hilo ni "Grüß Gott". Na usiwaambie kwamba wao ni Wabavaria: jimbo ndilo hilo, lakini wao ni Wafranken, watu wa eneo la Franken, na wanajivunia hivyo.

Yanayoharibu ziara

Kuchelewa kwanza. Ziara ya saa nne huanza saa nne, na ya wazi haimsubiri mtu. Kundi la watu 20 linahitaji kuwa mahali pa kukutania dakika 15 kabla, na kiongozi wa msafara aseme muda wa kuondoka mlipofikia, si muda wa ziara kuanza.

La pili ni choo. Vyoo vya umma ni vichache na vingine hulipiwa kwa sarafu, hivyo kila mmoja awe na senti 50 na euro moja moja mfukoni. Sarafu hizo zitafaa pia kwenye makabati ya Residenz, kwa kuwa mabegi makubwa hayaruhusiwi vyumbani. Anayetoa noti ya euro 50 asubuhi ataombwa chenji asiyokuwa nayo.

Maji ya bomba ni salama kunywa. Jaza chupa unakolala. Jumapili maduka mengi yamefungwa, kwa hiyo anayetarajia kununua soksi baada ya ziara ya Jumapili atakosa. Ununuzi ufanyike Jumamosi.

Simu hula ziara kimyakimya. Tunashauri kundi liteue wapiga picha wawili, wengine waweke simu mfukoni, na picha zigawanywe jioni. Ndani ya makumbusho ulizeni kabla ya kupiga. Na msisimame kwenye njia ya baiskeli. Huwa na rangi au alama chini, na waendeshaji huja kwa kasi wakiamini njia ni yao.

Bakshishi si lazima. Kundi likiridhika, kiongozi akusanye kidogo kwa kila mmoja na ampe mwongozaji zote kwa pamoja, na shukrani juu yake. Wimbo mmoja wa kwaya pale sokoni nao hupokelewa vizuri, mradi umwombe kwanza mwongozaji akuonyeshe pa kusimama bila kuziba njia.

Wenye miguu iliyobaki

Ngome ya Marienberg inaonekana juu ya kilima ng'ambo ya daraja, karibu mita 100 juu ya mto. Maaskofu waliishi humo tangu 1253 hadi waliposhuka mjini mwanzoni mwa karne ya 18. Kupanda kwa miguu ni dakika 20 hadi 30 za mteremko mkali. Wazee wapande basi namba 9, linalofanya kazi majira ya joto. Ukarabati mkubwa umekuwa ukiendelea huko, hivyo ulizeni ofisi ya utalii ni sehemu zipi zimefungwa kabla ya kupanda. Ua na mandhari ya mji kutoka juu vinatosha kulipa jasho.

Na kwa yeyote aliyewahi kupigwa picha ya eksirei Bugando, au anayefanya kazi kwenye chumba hicho, nendeni Röntgenring namba 8, karibu na stesheni. Jioni ya tarehe 8 Novemba 1895 Wilhelm Conrad Röntgen alikuwa maabara akipitisha umeme kwenye bomba la kioo alilolifunika kwa karatasi nyeusi, akaona kibao chenye kemikali kikiwaka mbali na bomba ingawa hakuna mwanga uliotoka. Wiki chache baadaye alipiga picha ya mkono wa mke wake, mifupa na pete. Mwaka 1901 alipewa tuzo ya kwanza kabisa ya Nobel ya fizikia, na hakuomba hataza ya ugunduzi wake, kwa hiyo hospitali popote duniani ziliweza kuutumia bila kumlipa. Maabara na vyombo vyake vinaonyeshwa humo. Kuingia ni bure. Nenda siku ya kazi, na dakika 40 zinatosha.